Mkono wa Bi Mkasi

Kuna jambo ambalo watu wa zamani wa mtaa ule hulifanya mpaka leo bila wenyewe kujua. Wakifika mbele ya jengo lenye roshani za chuma, hupunguza mwendo. Mmoja atageuza bega kidogo. Mwingine atajishika nyuma ya kola, kama mtu aliyeitwa na aliyeketi chini. Halafu wanaendelea na safari yao. Barazani hapana mtu. Pana vyungu vinne vya maua ya majani mapana, sakafu iliyopakwa rangi ya majivu, na kimya cha mahali ambapo cherehani ililia miaka thelathini na miwili.

Aliyekuwa akikaa pale aliitwa Bi Mkasi. Jina alilopewa na wazazi lilibaki kwenye kitambulisho na midomoni mwa ndugu zake. Mtaa ulimwita kwa mkasi wake mdogo, aliouning'iniza shingoni kwa kamba ya kiatu, usioiacha shingo hiyo hata siku ya mazishi ya mume wake.

Mkasi ule haukuwa wa kukatia kitambaa. Ulikuwa wa nyuzi. Ukipita mbele ya cherehani yake na uzi unaning'inia kwenye nguo yako, hukuambiwa kitu. Bi Mkasi alinyoosha mkono, akaubana uzi kwa vidole viwili, akaukata karibu kabisa na mshono, huku maongezi yake na mtu mwingine hayajakatika. Nawe ulisimama kidogo, ukageuza mgongo, ukashukuru au usishukuru, ukaenda zako. Askari wa barabarani, ambaye mtaa mzima haukuthubutu hata kumgusa kivuli, alikuwa akija mwenyewe na kuinua mkono juu ili akaguliwe kwapani.

Bi Mkasi alirithi mazoea hayo kwa shangazi yake, fundi aliyemfundisha kazi akiwa na miaka kumi na sita. "Uzi unaoning'inia ni aibu ya fundi," shangazi alimwambia. "Na mpita njia hajui ni fundi gani. Kwa hiyo ni aibu yetu sote." Basi Bi Mkasi alikata nyuzi za mafundi wasiojulikana, nyuzi za viwandani, nyuzi za mitumba, na hakumtoza mtu.

Shangazi alimwachia na neno jingine: tepu inajua urefu, haimjui mtu. Bi Mkasi alikuwa na tepu, na vipimo aliviandika kwenye daftari kama mafundi wengine. Lakini akishapima na tepu alipima tena na kiganja. Alikipitisha begani, akakishusha uti wa mgongo, akakiegemeza kiunoni, na hapo ndipo alipojua nguo itakaaje. Kiganja kilimwambia nani hubebea mkoba upande mmoja miaka yote, nani ameanza kuinama, binti gani ana mimba ambayo mama yake bado hajaiota. Aliyoyajua hivyo hakuyasema. Aliacha inchi mbili za kitambaa pembeni.

Aliishi kwenye chumba cha nyuma, kidogo, chenye dirisha la kuchungulia uchochoro. Mume wake, seremala, alikuwa amekipanga walipooana, na mwenye nyumba wa wakati ule aliwaambia kwamba kipande cha baraza kilicho mbele ya mlango ni chao pia, watumie. Chumbani mlikuwa na giza hata saa sita mchana, kwa hiyo maisha yote yalikuwa nje. Baraza lilikuwa jembamba. Watu wawili wakipishana ilibidi mmoja ajibane ukutani au wote wagusane vifua, na hakuna aliyeombana radhi. Meno yakikaa kinywa kimoja yanaombana radhi ya nini?

Mlango wa pili alikuwa kinyozi, rafiki wa marehemu mumewe, ambaye hakuacha kumwita shemeji.

"Shemeji, leo umeshika watu wangapi?"

"Wengi kuliko wewe."

"Mimi nashika vichwa tu. Wewe ndiye unayefaidi."

"Ukiona wivu, lete shati nikushonee, hilo lako limekuwa chandarua."

Walikaa hivyo miaka mingi, kila mmoja akisikia kazi ya mwenzake, na wateja wao wakisubiri kwenye benchi la saruji lililojengwa kando ya ukuta, paja kwa paja.

Mwenye nyumba alipofariki, watoto wake, waliokuwa wakiishi mbali na kulikumbuka jengo kama mtu anavyokumbuka ndui, waliliuza. Mnunuzi hakuwa mtu. Ilikuwa kampuni, na kampuni haina mlango wa kugonga wala mama wa kwenda kumsemea kwake. Ilimtuma meneja, kijana mpole mwenye viatu safi, na meneja alianza na benchi. Wavunjaji walikuja asubuhi moja na nyundo, wakalimaliza kabla ya chai.

"Lilikuwa linakusanya watu," meneja alieleza.

"Sasa benchi lingekusanya nini," kinyozi aliuliza, "mbuzi?"

Meneja alicheka, maana hakuwa na roho mbaya, akaandika kitu kwenye simu yake.

Baada ya benchi, mambo yalifuatana. Jengo lilipakwa rangi nyeupe. Vyumba vya juu vilivunjwa kuta, viwili vikafanywa kimoja. Fundi viatu wa kwenye kona aliondoka, na pale alipokuwa akigonga soli pakafunguliwa mkahawa wenye viti vizuri, ambavyo ili ukae lazima kwanza ununue. Meza za mkahawa ziliachana sana, kiasi kwamba mtu mzima angeweza kulala katikati yake. Mama muuza mkaa alihama. Familia tatu za juu zilihama wiki moja. Kila aliyeondoka alipita kumuaga Bi Mkasi, naye alimkagua nguo kwa mara ya mwisho, akamkata uzi kama upo. "Mgeni njoo," kinyozi alisema akitazama kigari kilichobeba makabati, "mwenyeji ahame."

Waliokuja hawakuwa watu wabaya, na hilo ndilo lililotatiza, kwa sababu ubaya una mahali pa kuushikia. Walisalimia. Walisema samahani wakiwa bado hatua tatu mbali. Kila mmoja alitembea na nafasi yake ikimzunguka, kama mtu aliyebeba mwavuli mpana, na wakipishana barazani mmoja alisubiri kule mwisho mpaka mwingine apite. Bi Mkasi aliwatazama na akaelewa upesi kuliko walivyodhani. Nyuzi zao aliziona. Aliziona kwenye pindo za suruali, kwenye mikono ya mashati ya bei, kwenye zipu. Mwaka mzima hakuzigusa. Alikunja mkono mapajani.

Mpangaji wa ghorofa ya pili alikuwa dada wa miaka thelathini hivi, mrefu, mwenye kazi ya kompyuta. Siku tatu kwa wiki alifanyia kazi nyumbani, na Jumanne na Alhamisi alikwenda ofisini. Siku hizo, saa mbili kasoro asubuhi, alisimama barazani akisubiri gari. Alikuwa na gauni la buluu alilolipenda. Ndani ya kola mtu alikuwa ameikata lebo vibaya, na uzi ukabaki, ukamtambaa shingoni kuelekea mgongoni.

Bi Mkasi aliuona Jumanne. Aliuona Alhamisi. Jumanne iliyofuata ulikuwa umerefuka, na sasa ukiuvuta kidogo tu kola nzima ingefumuka, dada wa watu akiwa ofisini mbele za wenzake.

Asubuhi ile dada alisimama karibu kuliko siku zote, kwa sababu mvua ilikuwa inapiga ukingo wa baraza. Alimpa Bi Mkasi mgongo. Kisha akainamisha kichwa.

Alikiinamisha kusoma simu. Lakini watu wa mtaa walipotaka kukatwa uzi wa shingoni waliinamisha kichwa hivyo hivyo, bila neno, wakasubiri. Miaka thelathini na miwili shingo zilikuwa zikimwinamia hivyo. Bi Mkasi hakuamua. Aliinuka, akabana uzi kwa vidole viwili, akaleta mkasi.

Chuma kilipogusa ngozi, dada hakupiga kelele. Alitoa sauti ndogo, kama mtu aliyemeza kitu cha moto, akakaa chini kwenye maji na kiganja kikiwa kimebana shingo. Simu iliruka ngazini. Alipogeuka alimwona mwanamke amesimama juu yake na mkasi mkononi.

"Uzi, mwanangu," Bi Mkasi alisema. Aliunyoosha ili auone. "Ulikuwa na uzi."

Dada aliendelea kujipapasa shingo na kutazama vidole, kujipapasa na kutazama, akitafuta damu. Hakukuwa na damu. Mlinzi wa jengo, kijana wa mtaa ule ule, alikuja mbio, akaona na kuelewa yote, akafanya alichoweza. "Huyu ni Bi Mkasi tu, dada. Kila mtu anamjua."

Nia ilikuwa njema, lakini neno lile halikusaidia. Kwenye barua iliyopelekwa kwa meneja mchana ule, iliyoandikwa na wapangaji wanne, dada akiwa mmoja wao, ilielezwa kwamba ameshambuliwa kutoka nyuma na mwanamke ajulikanaye kwa jina la Mkasi.

"Ingekuwa heri tungekuita Bi Pamba," kinyozi alisema. Hakucheka, na Bi Mkasi naye hakucheka.

Meneja alimwita ofisini, chumba kilichokuwa zamani bafu la pamoja. Bado kilinuka unyevu chini ya rangi mpya. Alimvutia kiti.

"Mama, mimi binafsi sina neno na wewe."

"Najua."

"Kuna waliotaka uondoke leo. Nimewaombea subira. Tumekubaliana hivi." Alimsogezea karatasi. "Tutachora mstari wa njano kuizunguka cherehani yako. Wewe utakaa ndani ya mstari. Mtu mwingine atakaa nje. Na hutamgusa mtu yeyote katika eneo la jengo."

"Mpangaji."

"Mtu yeyote. Mpangaji, mgeni, mpita njia."

"Na wateja wangu?"

"Mteja akiwa barazani ni mgeni wa jengo, Mama."

"Basi nitampimia chumbani."

"Chumba ni makazi. Biashara ndani hairuhusiwi, iko kwenye mkataba." Alimwonyesha kidole juu, kuelekea baraza, mahali walipokuwa wameweka kamera. "Na inaonekana nani anaingia."

Bi Mkasi alitazama mikono yake. "Nitampimaje mtu bila kumgusa?"

Kijana alifikiri kweli. Alikunja uso, akataka kumsaidia. "Siku hizi watu wanajipima wenyewe," alisema. "Kuna video."

Bi Mkasi alitia sahihi. Alitumia jina la kitambulisho, herufi moja moja. Alikuwa na miaka sitini na mmoja, na baraza na chumba vilikuwa ndani ya karatasi moja; ukikosa kimoja umekosa vyote. Mdogo wake wa kiume, aliyekuwa akiishi mwisho wa njia ya basi, alimpigia simu jioni.

"Dada, unang'ang'ania nini hapo? Njoo kwangu."

"Nina kazi."

"Na huku kazi zipo."

"Huko hawanijui," alisema.

Mstari ulichorwa Jumamosi. Ulikuwa mraba, hatua mbili kwa mbili, na rangi yake ilichukua siku tatu kukauka. Wateja wa zamani mwanzoni waliufanyia mzaha. Walisimama nje yake wakainama kama wanaochungulia kisima. Bi Mkasi aliwarushia ncha ya tepu, wakajizungushia wenyewe, wakamsomea namba. Walivuta tumbo ndani. Walipima juu ya sweta. Mmoja alishika tepu kichwa chini miguu juu, wakacheka. Alishona kwa namba zile na kwa macho, na nguo zilitoka, na watu walizivaa. Hazikuwa mbaya. Zilikuwa kama za dukani.

Wiki ya tatu dada wa ghorofa ya pili alishuka. Alisimama mbali na mstari, akakunja mikono, akaikunjua.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu."

"Sikujua wangefanya hivi. Mimi niliandika tu yaliyotokea." Alitazama rangi ya njano. "Miaka miwili iliyopita, nilikokuwa nikiishi, mtu aliniwekea kisu hapa shingoni, kutoka nyuma. Alitaka simu. Tangu siku hiyo mtu akinigusa hapa..."

"Pole."

"Sikusema ili unipe pole."

"Najua. Pole hivyo hivyo. Nami nilikosea. Nilidhani umeniinamia."

Dada hakuelewa, na Bi Mkasi hakueleza. Kisha dada akafungua mfuko, akatoa kitambaa cha rangi ya udongo, kizuri, kizito. Alitaka gauni. Bi Mkasi alichukua tepu, akamrushia ncha.

"Hapana," dada alisema. "Nipime wewe." Aliingia ndani ya mstari hatua moja, akanyoosha mikono pande zote mbili kama mtoto anayevishwa, akafumba macho. Ilikuwa imemgharimu sana kufika pale, na Bi Mkasi aliliona hilo kama alivyoona mishono.

Bi Mkasi aliinua macho kwenye kamera.

"Siruhusiwi."

"Nikikuruhusu mimi?"

"Karatasi haikusema ukiruhusu."

"Mimi ndiye niliyelalamika. Nitawaambia."

Alikwenda kuwaambia. Meneja alimsikiliza kwa heshima, akamwambia kwamba sasa jambo halikuwa lake tena, lilikuwa la usalama wa jengo zima, na kwamba likilegezwa kwa mmoja litalegezwa kwa wote. Dada alirudi akajipima mwenyewe, akazisoma namba kwa sauti ya chini. Gauni lilimbana makwapani. Alilipa, akashukuru, hakulivaa.

Hilo Bi Mkasi aliweza kulibeba. Asichoweza kukibeba kilikuwa gauni la Nesi.

Nesi alikuwa mteja wake wa miaka ishirini na tatu, mkunga wa hospitali, mwanamke aliyejaa, mwenye sauti ya kufukuza kuku. Alikuwa anastaafu, na wenzake walikuwa wamemwandalia hafla ya kuagwa. Alitaka gauni la siku hiyo. Lakini alikuwa ameumwa tumbo tangu mwanzo wa mwaka na kukonda, na aliyesimama nje ya mstari hakuwa Nesi wa kwenye daftari. Namba za zamani hazikuwa na kazi. Nesi alijipima, akacheka kidogo aliposoma ya kiuno, akasema, "Tepu yako imenenepa, dada."

Bi Mkasi alimtazama mabega. Aliona moja limeshuka, lakini jicho halikumwambia limeshuka kiasi gani, wala kama mfupa umejitokeza pale ambapo mshono ungepita. Kiganja kingejua kwa pumzi moja. Aliuliza maswali. Alimwomba ageuke, aketi, ainue mkono. Nesi alifanya yote, akachoka, akaegemea ukuta pale benchi lilipokuwa zamani. Bi Mkasi alishona siku nne, akafumua mara mbili.

Asubuhi ya kuagwa Nesi alipita barazani amelivaa. Gauni lilikuwa limemning'inia kama lililoanikwa. Upande wa kushoto bega lilikuwa limeporomoka mpaka juu ya mkono, na Nesi alikuwa ameukumbatia mkoba wake juu kifuani ili kulifunika. Kwenye kola pini mbili zilikuwa ziking'aa. Alikuwa amejibana mwenyewe nyumbani, mbele ya kioo, mwanamke mgonjwa, kwa mikono isiyofika nyuma.

"Limenikaa vizuri, dada," Nesi alisema.

Bi Mkasi aliinuka. Dakika mbili tu, sindano na uzi, mkono mmoja begani. Alifika kwenye mstari.

Nesi aliona anakotazama, naye akatazama kamera, akatikisa kichwa. "Kaa, dada. Wasije wakakutoa kwa ajili yangu." Akampungia mkono ule ulioweza kupunga bila mkoba kuanguka, akaondoka polepole kuelekea kituoni. Watu walimpisha kwa mbali, kila mtu na nafasi yake.

Bi Mkasi alikaa. Kinyozi alitoka mlangoni kwake, akasimama na taulo begani.

"Shemeji," alisema, "nguo ni nguo."

"Nguo mbaya hurudishwa," Bi Mkasi alisema. "Anayekupenda hairudishi. Anaivaa."

Mchana ule hakukanyaga cherehani. Kinyozi alisikia kimya kupitia ukutani, akazima mashine yake ili asikie vizuri zaidi, kisha akaiwasha. Saa tisa Bi Mkasi alimpigia simu mdogo wake. Siku ya Ijumaa mdogo wake alikuja na kigari. Hakuna aliyemfukuza, na meneja alishuka mwenyewe kusaidia kubeba upande mmoja wa meza ya kukatia. Kwenye kumbukumbu za jengo imeandikwa kwamba nafasi ya barazani iliachwa wazi na mtumiaji kwa hiari yake.

Siku hizi anaishi kwa mdogo wake, mwisho wa njia ya basi, kwenye chumba anacholala na wapwa wawili. Ameajiriwa karakana moja inayoshona mashuka ya hoteli, yeye na wanawake wengine kumi na wanne. Anaingia saa mbili, anatoka saa kumi. Shuka halina bega wala kiuno; tepu inatosha.